Anza na Mshale: Mwongozo wa Kuingia katika Nadharia ya Kategoria

Mwongozo huu unamlenga mtu aliyemaliza hisabati ya sekondari, au anayeifundisha, ambaye amesikia kwamba kuna tawi la hisabati liitwalo nadharia ya kategoria na kwamba hata wanafalsafa hulijadili, lakini kila alipojaribu kulisoma alikuta ukurasa wa kwanza umejaa alama akaufunga. Nimeujaribu kwa walimu wachache tunaokutana hapa Mtwara siku za Jumamosi, na mahali walipokwama wao ndipo nilipokaa zaidi. Unachohitaji ni daftari, penseli, na kumbukumbu ya hesabu za KKS na KDS ulizofanya shule ya msingi. Kalkulasi haihitajiki.

Kuhusu historia, yatosha kujua kwamba nadharia hii iliwekwa wazi mwaka 1945 katika makala ya Samuel Eilenberg, mzaliwa wa Warsaw, na Saunders Mac Lane wa Marekani. Neno lenyewe walilichukua kwa wanafalsafa, yaani Aristotle na Kant, lakini walilipa kazi nyingine kabisa. Msomaji atakayetafuta humu orodha ya Aristotle ya aina za vitu vilivyopo atapoteza muda wake.

Chagua mishale kabla ya vitu

Kosa la kwanza la anayeanza ni kuorodhesha vitu. Si kosa la kulaumiwa, kwa sababu tulifundishwa hivyo: tulipoanza seti, swali la kwanza lilikuwa ndani ya mabano kuna nini. Katika kategoria swali hilo linawekwa kando. Unatakiwa kwanza useme mishale yako ni ipi, yaani ni jambo gani linalotoka kwenye kitu kimoja kwenda kwenye kingine, na kila mshale uwe na chanzo chake na kikomo chake. Vitu pamoja na mishale yake huitwa kategoria vikitimiza masharti matatu. Mshale mmoja ukiishia pale mwingine unapoanzia, ni lazima iwepo njia ya kuiunganisha ikawa mshale mmoja. Ukiunganisha mishale mitatu kwa mfuatano, haijalishi umeanza na ile miwili ya mwanzo au ile miwili ya mwisho. Na kila kitu kiwe na mshale wake wa kubaki, unaotoka kwenye kitu hicho na kurudi hapo hapo, ambao ukiunganishwa na mshale mwingine wowote haubadilishi chochote.

Chukua miji yetu iwe vitu, na safari za barabarani ziwe mishale. Kutoka Mtwara hadi Mingoyo ni mshale, kutoka Mingoyo hadi Masasi ni mshale, na ukiunganisha unapata safari ya Mtwara hadi Masasi. Ukikata safari hiyo Ndanda badala ya Mingoyo, jumla yake ni ile ile. Masharti mawili ya kwanza yamekwisha kutimia bila jasho.

Walimu wenzangu walikwama kwenye sharti la tatu. Mmoja aliuliza ni safari gani hiyo ya kutoka Mtwara kwenda Mtwara bila kuondoka, na ni nani atakayekata tiketi yake. Nilimjibu kwamba hata 0 katika kujumlisha haifanyi kazi yoyote inayoonekana, wala 1 katika kuzidisha, lakini ukiziondoa huwezi tena kueleza kutoa wala kugawanya. Jibu hilo halikumridhisha, na sikumlaumu. Mshale wa kubaki tutauacha hapo ulipo kwa sasa, kwa kuwa mwishoni mwa mwongozo huu ndio utakaobeba mzigo wote.

Amua njia zipi zihesabiwe kuwa moja

Sasa andika daftarini njia mbili za kwenda Masasi kutoka Mtwara. Ya kwanza ni ile ya Mingoyo na Ndanda. Ya pili inapanda uwanda wa Makonde kupitia Nanyamba, Tandahimba na Newala, kisha inateremkia Masasi. Je, hii ni mishale miwili au mmoja?

Swali hili halijibiwi na ramani, bali na wewe mwenyewe, na humu ndimo utajiri wa nadharia nzima ulimo. Ukisema kwamba mshale ni safari pamoja na kila mahali ilikopita, basi unayo mishale miwili tofauti. Ukisema kwamba mshale unamaanisha tu kwamba mji huu unafikika kutoka ule, basi unao mmoja, maana ama Masasi inafikika au haifikiki. Zote mbili ni kategoria halali zenye miji ile ile. Ya kwanza nitaiita kategoria ya safari, na ya pili kategoria ya kufikika.

Tazama linalotokea kwenye neno "sawa". Katika nadharia hii, vitu viwili huhesabiwa kuwa sawa kimuundo ikiwa kuna mshale wa kwenda na mshale wa kurudi, na ukiunganisha kwenda na kurudi unapata mshale wa kubaki, kwa upande huu na kwa upande ule. Katika kategoria ya kufikika, kutoka Mtwara kwenda Masasi na kurudi hakutofautiani na kubaki Mtwara, kwa sababu mshale wa Mtwara kwenda Mtwara ni mmoja tu. Kwa hiyo Mtwara na Masasi ni sawa, na Newala ni sawa nazo, na Lindi pia. Katika kategoria ya safari hakuna miji miwili iliyo sawa hata kidogo, kwa kuwa kwenda na kurudi ni safari ndefu na kubaki si safari ndefu, jambo ambalo kila aliyewahi kulipa nauli analijua.

Miji haikubadilika, ila usawa wake umebadilika kwa sababu tulibadilisha mishale. Tangu siku hiyo tulijiwekea desturi, nami nakushauri uifuate: kila unapotaka kuandika kwamba vitu viwili ni sawa, andika kwanza pembeni ni sawa kwa mishale ipi.

Tengeneza KKS bila kutaja ukubwa

Sasa acha barabara, chukua namba nzima 1, 2, 3 na kuendelea. Weka mshale kutoka a kwenda b pale tu ambapo a inagawanya b bila kubakisha. Kagua masharti: 3 inagawanya 6, na 6 inagawanya 12, kwa hiyo 3 inagawanya 12, na kila namba inajigawanya yenyewe, huo ukiwa mshale wake wa kubaki.

Chukua 12 na 18. Tafuta namba yenye mshale kwenda kwa zote mbili. Utapata 1, 2, 3 na 6. Sasa ongeza sharti: namba hiyo iwe kwamba nyingine yoyote yenye mishale kwenda 12 na 18 iwe na mshale mmoja tu wa kufika kwake, na kwa kupitia hapo ifike 12 na 18. Ni 6 pekee inayofaulu, kwa kuwa 1, 2 na 3 zote zinaigawanya. Hiyo ndiyo KKS, yaani Kigawo Kikubwa cha Shirika, lakini angalia kwamba katika maelezo yangu sikutumia neno "kikubwa" mahali popote. Nilizungumzia mishale tu.

Kwa kuwa nilizungumzia mishale tu, maelezo hayo hayo naweza kuyapeleka mahali pengine bila kubadilisha neno. Kwenye seti ndogo za seti moja, mshale ukiwa na maana ya "imo ndani ya", yananipa makutano ya seti mbili. Kwenye seti kwa jumla, mshale ukiwa kanuni inayopeleka kila memba wa seti moja kwa memba mmoja wa nyingine, yananipa seti ya jozi. Kwenye mantiki, vitu vikiwa kauli na mshale ukiwa na maana ya "kutokana na hii inafuata ile", yananipa kauli "p na q". Mwanafunzi wa darasa la sita anayetafuta KKS, na mwanafalsafa anayechunguza maana ya neno "na", wanafanya kazi moja katika kategoria mbili.

Kisha geuza mishale yote nyuma mbele. Badala ya namba inayozigawanya 12 na 18 unatafuta inayogawanyika kwa zote mbili, na sharti la kupitia linageuka pamoja nayo. Unapata 36, yaani KDS, Kigawe Kidogo cha Shirika. Kwenye seti ndogo unapata muungano, na kwenye mantiki unapata "p au q". Kila uthibitisho ulioufanya upande mmoja unakupa mwingine upande wa pili bila malipo, na hii ni faida ambayo wanahisabati huitumia kila siku.

Kabla hujaendelea, thibitisha jambo moja kwa mkono wako mwenyewe. Tuseme P na Q zote zinatimiza sharti lile kwa vitu viwili A na B. Kwa kuwa P inatimiza sharti, kuna mshale mmoja tu kutoka Q kwenda P unaokubaliana na mishale ya kwenda A na B, yaani ukipitia P unapata mishale ile ile ya Q kwenda A na B. Kwa kuwa Q nayo inatimiza, kuna mmoja tu kutoka P kwenda Q. Unganisha: unatoka P, unaenda Q, unarudi P. Mshale huo unakubaliana na A na B, lakini mshale wa kubaki P nao unakubaliana nazo, na tulisema ni mmoja tu unaoruhusiwa. Basi kwenda na kurudi ni sawa na kubaki, na P na Q ni sawa kimuundo. Usiusome tu uthibitisho huu. Funga ukurasa uuandike upya. Aliyeuandika mara tatu anaweza kusoma nusu ya vitabu vya utangulizi wa somo hili, kwa sababu uthibitisho mwingi humo ni huu huu uliovaa nguo nyingine.

Kutoka kategoria moja hadi nyingine

Mshale unaunganisha vitu viwili. Kinachounganisha kategoria mbili nzima huitwa fankta, nacho hupeleka kila kitu kwa kitu na kila mshale kwa mshale, kikitunza uunganishaji na mishale ya kubaki.

Mtu wa kusini ana mfano wake tayari, nao ni stakabadhi ghalani, yaani mfumo ambao mazao huwekwa ghalani na kuandikiwa karatasi hadi yauzwe mnadani. Upande mmoja kuna mizigo ya korosho na mambo yanayoifika: kupimwa kwenye chama cha msingi, kuchanganywa na mizigo mingine, kusafirishwa hadi ghala kuu, kutolewa baada ya mnada. Upande wa pili kuna maandishi na mabadiliko ya maandishi. Mfumo ni fankta ikiwa kila tendo kwenye magunia lina tendo lake kwenye karatasi, na matendo mawili yaliyofuatana kwenye magunia yanaleta karatasi ile ile ambayo ingepatikana kwa kufuatanisha maandishi ya kila tendo. Gunia likihamishwa kutoka kona moja ya ghala hadi nyingine, stakabadhi haibadiliki, na hilo linaruhusiwa: fankta inaweza kupeleka mshale wenye kazi halisi kwenye mshale wa kubaki, yaani inaruhusiwa kusahau. Isichoruhusiwa ni kuvunja mfuatano. Mizigo miwili ikichanganywa kisha ikasafirishwa, na karatasi zikaonyesha jumla ambayo haitokani na zile karatasi mbili za mwanzo, hapo hakuna fankta tena, kuna ugomvi kwenye mizani.

Kategoria ya safari nayo ina fankta kwenda kategoria ya kufikika: inasahau njia na kubakiza tu kwamba ulifika.

Hatua inayofuata ni badiliko asilia, na nitaipita haraka ingawa ndiyo iliyowasukuma Eilenberg na Mac Lane kuanza kazi hii. Tuseme korosho zile zile zinaandikwa katika daftari la chama na pia katika daftari la ghala, kila moja kwa mtindo wake, na kuna kanuni ya kutafsiri daftari la kwanza kwenda la pili. Kanuni hiyo ni asilia ikiwa kutafsiri kwanza kisha kuandika tendo kunaleta jibu lile lile la kuandika tendo kwanza kisha kutafsiri, kwa kila tendo bila kubagua. Tafsiri inayohitaji karani abuni namna mpya kwa kila mzigo si asilia. Chora mraba wenye mishale minne, pitia kwa juu, pitia kwa chini, angalia kama unafika pamoja.

Mahali wanafalsafa wanapoingia

Mwaka 1965 mwanafalsafa Paul Benacerraf aliuliza swali ambalo bado linasumbua: namba ni vitu gani? Ukitaka kuzijenga kwa seti, unaweza kufuata njia ya mwanahisabati Zermelo, ambapo 0 ni seti tupu na kila namba inayofuata ni seti yenye memba mmoja tu, ambaye ni namba iliyotangulia. Au unaweza kufuata njia ya mwanahisabati mwingine, von Neumann, ambapo kila namba ni seti ya namba zote zilizoitangulia. Zote mbili zinajumlisha na kuzidisha sawasawa. Lakini uliza kama 3 ni memba wa 17: kwa von Neumann ni ndiyo, kwa Zermelo ni hapana, kwa kuwa memba pekee wa 17 ni 16. Ikiwa namba ni seti, mmoja kati yao amekosea, na hakuna hesabu yoyote duniani inayoweza kutuambia ni yupi. Benacerraf alihitimisha kwamba namba si seti, na wala si vitu vya aina hiyo kabisa.

Kategoria inalichukua swali hili kwa namna yake, na mwanahisabati William Lawvere ndiye aliyeionyesha miaka ya 1960. Usiulize namba zimeundwa na nini. Sema kwamba mfumo wa namba ni kitu chenye mwanzo na hatua, ambacho kwa kitu kingine chochote chenye mwanzo wake na hatua yake kina mshale mmoja tu wa kwenda huko unaotunza mwanzo na hatua. Mkulima anayeanza na miche 70 ya mikorosho na kuongeza 5 kila siku ana mwanzo na hatua, na mshale huo mmoja unapeleka 0 kwa 70, 1 kwa 75, 2 kwa 80. Mifumo ya Zermelo na von Neumann yote inatimiza maelezo haya, na kwa uthibitisho ule ule ulioufanya kwa P na Q, ni sawa kimuundo. Swali la kama 3 ni memba wa 17 halipati jibu, kwa kuwa haliwezi hata kuandikwa kwa lugha ya mishale.

Maoni yangu ni kwamba huu ndio mchango mkubwa wa nadharia hii kwa falsafa: si kwamba imejibu swali la asili ya namba, bali imetupatia lugha ambayo ndani yake maswali yasiyo na jibu hayaundiki. Lawvere alikwenda mbali zaidi. Mwaka 1964 alichapisha nadharia ya seti iliyosimama juu ya mishale badala ya umemba, na mwaka 1969 alionyesha kwamba hoja ya Cantor kuhusu ukubwa wa seti, kitendawili cha Russell kuhusu seti ya seti zote zisizo memba wa zenyewe, na hoja ya Gödel kuhusu mipaka ya uthibitisho, zote zinatokana na hoja moja ya mishale.

Hata hivyo msomaji asiondoke na imani kwamba seti zimefutwa. Mwanamantiki Solomon Feferman alitoa pingamizi mwaka 1977 ambalo naliona zito: ili uelewe neno "kategoria" unahitaji tayari uelewe mkusanyiko wa vitu ni nini na tendo la kuunganisha ni nini, na dhana hizo mbili zinatangulia. Wapo wanaojibu kwamba nadharia haihitaji kuwa msingi wa jengo ili iwe na thamani. Mimi nafikiri mwanzoni mwa mwongozo huu nilikuomba uchague mishale, na sikuweza kukuomba bila wewe kujua tayari miji ni mingapi.

Mchezo wa kumalizia

Mwambie mwenzako afiche namba. Unaruhusiwa kuuliza swali la aina moja tu: "Je, k inaigawanya?" Uulize kwa k yoyote. Ukipata majibu yote, umeijua namba bila kuiona. Uthibitisho wake ni huu. Tuseme a na b zinatoa majibu yale yale kwa kila k. Namba a inajigawanya yenyewe, basi kwa kuwa majibu ni yale yale, a inagawanya b. Vivyo hivyo b inajigawanya, basi b inagawanya a. Namba mbili nzima kuanzia 1 zinazogawanyana ni moja.

Rudi kwenye uthibitisho uangalie ni nini kilichofanya kazi. Ni mshale wa kubaki, ule ambao hakuna aliyetaka kuukatia tiketi. Huu ni mfano mdogo wa lema, yaani kauli iliyothibitishwa ili isaidie kuthibitisha nyingine, inayobeba jina la Mjapani Nobuo Yoneda, isemayo kwamba kitu hubainishwa, kwa kiwango cha usawa wa kimuundo, na mishale yote inayokijia. Katika kategoria zenye mishale mingi kati ya vitu viwili majibu ya ndiyo na hapana hayatoshi. Ni lazima ujue pia mishale hiyo inabadilikaje inapounganishwa na mingine, nalo ni badiliko asilia tulilolipita haraka.

Wapo wanaoichukua lema hii kuwa ushahidi kwamba hakuna vitu, kuna mahusiano tu. Nawaonya walimu wenzangu wasiende kasi hivyo. Mizizi miwili ya −1, yaani i na −i, haitofautishwi na fomula yoyote ya hesabu ya namba halisi, ukiibadilishana hakuna usawa unaovunjika, na bado ni miwili. Ni kama pacha wawili katika ukoo: baba, mama, mjomba na shangazi ni wale wale, lakini sahani za chakula ni mbili.

Kisha cheza mchezo ule tena kwa sharti gumu zaidi, kwamba k iwe namba tasa. Mwenzako akificha 12 au 18 utapata majibu yale yale: 2 ndiyo, 3 ndiyo, nyingine zote hapana. Ruhusu k iwe pia 4, 8, 9 na vipeo vingine vya namba tasa, na zinatengana mara moja, kwa kuwa 4 inagawanya 12 na haigawanyi 18. Tafuta mwenyewe kwa nini vipeo hivyo vinatosha kwa namba zote, na kama upo mkusanyiko mdogo zaidi wa maswali unaotosha.